Béla Lugosi: maswali ambayo watu huuliza sana kuhusu jamaa aliyekuwa Dracula

Kila ikifika mwisho wa Oktoba ile picha ya mzee mwenye joho jeusi na nywele zilizolazwa nyuma inaanza kuzunguka kwenye simu za watu, na maswali yanakuwa yaleyale kila mwaka, majibu nayo mengi ni ya kusikia tu. Mimi muvi zake nimeziangalia kwa miaka mingi na kinachoniuma ni kwamba mtu aliyesota jukwaani karibu miaka thelathini kabla ya filamu ya Dracula anakumbukwa kama kinyago cha kutishia watoto. Ndo maana nimeyakusanya hapa.

Kwa kifupi ni nani huyu?

Mwigizaji wa Hungaria, wa jukwaani na wa filamu. Kazaliwa 20 Oktoba 1882, kafariki Los Angeles 16 Agosti 1956 akiwa na miaka 73. Alianza kwenye kumbi za mikoani huko kwao, akapanda mpaka ukumbi wa taifa Budapest, akaja kucheza filamu za kimya Hungaria na Ujerumani, alafu Marekani akapata uhusika mmoja, wa Dracula yule mnyonya damu, uliomfanya ajulikane dunia nzima na ambao pia ulimfungia milango mingine karibu yote.

Lugosi ndo jina lake la ukoo?

Hapana. Alizaliwa Béla Ferenc Dezső Blaskó. Mji wake unaitwa Lugos, na kwa Kihungaria ukiweka "i" mwishoni mwa jina la mahali unapata "mtu wa hapo", kwa hiyo Lugosi ni Mtu wa Lugos, kama sisi tunavyosema Mtanga au Mmombasa ila wao herufi inakaa nyuma badala ya mbele. Kwao jina la ukoo linatangulia, wanaandika Lugosi Béla, na hiyo "s" inasomwa "sh", Lúgoshi, mkazo ukiwa mwanzoni kabisa mwa neno. Kumbuka hilo la mkazo maana litarudi tukifika kwenye sauti yake. Kwenye filamu zake za mwanzo kabisa alitumia jina lingine tena, Arisztid Olt.

Si alizaliwa Transylvania, kwa Dracula mwenyewe?

Hii Universal, kampuni iliyotengeneza filamu ya Dracula, waliipenda sana kwenye matangazo yao. Lugos ipo eneo la Banat, jirani na Transylvania upande wa magharibi. Wakati anazaliwa ilikuwa Ufalme wa Hungaria chini ya Austria-Hungaria, baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia mipaka ikachorwa upya na sasa ni mji wa Romania unaoitwa Lugoj. Kwa hiyo karibu ni karibu, lakini si penyewe.

Aliingiaje kwenye uigizaji? Familia yake ilikuwa ya wasanii?

Wala. Baba yake István alikuwa muoka mikate aliyekuja kuwa mtu wa benki, familia ya Kikatoliki yenye kujiheshimu, na Béla alikuwa kitinda mimba kati ya watoto wanne. Shule aliiacha akiwa na miaka kama 12, akafanya vibarua vya mikono, migodini na kwenye karakana, kabla ya kuingia kwenye vikundi vya maigizo vya mikoani mwanzoni mwa miaka ya 1900. Watu wanaipita haraka sana hii hatua. Vile vikundi vilikuwa vinahama mji hadi mji, leo opereta (tamthilia ya kuimba), kesho tamthilia ya kihistoria, keshokutwa Shakespeare, unajifunza uhusika mpya kila baada ya siku chache, unajua kusimama, unajua kuvaa joho na kuligeuza, unajua kupaza sauti mpaka mtu wa kiti cha nyuma kabisa asikie bila wewe kupiga kelele. Huko ndiko alikojengeka. Mwaka 1910 na 1911 alikuwa Szeged, na huko alicheza hadi Romeo, yaani kijana mpenzi, mtanashati wa kuwaliza wasichana. Ukimtazama Dracula wake vizuri Romeo bado yumo mle ndani, ni mtu mzima sasa na anatisha, lakini namna anavyokaribia mwanamke ni ya mtu aliyefundishwa mapenzi ya jukwaani.

Kwenye ukumbi wa taifa alikuwa staa?

Alikuwepo kuanzia 1913 mpaka 1919 lakini wengi wanatia chumvi hapa, na yeye mwenyewe akiwa Marekani hakukataa walipotia chumvi. Ukweli nafasi nyingi alizopewa kwenye ukumbi huo, Nemzeti Színház kwa Kihungaria, zilikuwa ndogo ndogo. Ipo pia picha yake maarufu ya enzi za huko kwao akiwa amevaa kama Yesu kwenye igizo la mateso, ndevu na nywele ndefu, macho yameinuliwa juu, na ukiiona baada ya kumzoea kama Dracula unabaki unaitazama kwa muda mrefu.

Alienda vitani kweli?

Ndiyo, Vita vya Kwanza, 1914 hadi 1916, askari wa miguu kwenye jeshi la Austria-Hungaria, akapanda mpaka luteni. Alijeruhiwa upande wa mapigano na Warusi na akapewa medali ya majeruhi. Weka hili akilini, maumivu aliyoyatoa vitani ndo yaliyokuja kumtafuna uzeeni.

Kwanini alikimbia nchi yake?

Siasa na chama cha wafanyakazi. Vita ilipoisha Hungaria ilivurugika, na Machi 1919 Béla Kun na wakomunisti wakashika nchi, serikali iliyodumu siku 133 tu. Lugosi alikuwa mstari wa mbele kuwaunganisha waigizaji kwenye chama chao, akitaka walipwe kama wafanyakazi wengine na wasinyanyaswe na wenye kumbi. Serikali ile ilipoanguka Agosti, waliokuwa upande huo wakaanza kusakwa, wengine wakafungwa, wengine wakauawa, na yeye akatoroka kwenda Vienna na baadaye Berlin. Hakurudi kuishi Hungaria tena maisha yake yote. Mimi naona hiki ndo kisu cha kwanza kwenye maisha yake, maana alikuwa na miaka 36, lugha yake ndo ilikuwa mtaji wake wote, na mwigizaji ukimtoa kwenye lugha yake umemnyang'anya nusu ya mwili.

Berlin alifanya nini?

Alicheza filamu kadhaa za kimya mwaka 1920, na moja ilikuwa ya F. W. Murnau, Der Januskopf, ambapo Conrad Veidt ndo alikuwa mkuu na Lugosi akawa mtumishi wa nyumbani. Kopi ya filamu hiyo imepotea. Miaka miwili baadaye Murnau akatengeneza mnyonya damu wake, Nosferatu, lakini Lugosi hakuwemo, alishaondoka.

Marekani alifikaje?

Kwa meli ya mizigo, akifanya kazi humo kama baharia, akashuka New Orleans Desemba 1920. Kisha akaenda New York na Machi 1921 akapita ukaguzi wa wahamiaji Ellis Island. Kuna Wahungaria wengi New York enzi hizo, kwa hiyo alianza kwa kuunda kikundi na kucheza tamthilia za Kihungaria kwa wahamiaji wenzake. Uraia wa Marekani aliupata Juni 1931, miezi minne tu baada ya Dracula kuingia kwenye kumbi.

Ni kweli alikuwa hajui Kiingereza na alikariri tu?

Nusu kweli, na watu wanachanganya miaka. Mwaka 1922 alipopata tamthilia yake ya kwanza ya Kiingereza New York, The Red Poppy, Kiingereza kilikuwa kidogo sana na alikariri maneno yake kwa sauti tu, silabi kwa silabi, kama vile mtoto wa madrasa anavyohifadhi sura kabla ya kujua maana. Lakini filamu ya Dracula ni ya 1931, kashakaa Marekani miaka kumi, anaongea, anasoma, anajadiliana mikataba. Lafudhi ndo haikutoka. Anaweka mkazo mwanzoni mwa neno kama kwao, anavuta irabu, ananyamaza mahali ambapo Mwingereza asingenyamaza. Sisi tuliozoea mkazo kukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho tunaijua hali hii tukisikia mgeni anaongea Kiswahili, maneno ni sahihi lakini ngoma inapiga kwingine. Yeye ile ngoma ya kwao akaifanya silaha. Ukitoa lafudhi ile unabaki na mtu mrefu mwenye suti.

Dracula alianza kwenye filamu au jukwaani?

Jukwaani, na hili ndo swali ninalolipenda kuliko yote. Riwaya ya Bram Stoker ni ya 1897. Mwairishi Hamilton Deane aliigeuza tamthilia mwaka 1924, ikapendwa Uingereza, na prodyuza Horace Liveright akainunua kwa ajili ya Broadway, John L. Balderston akaiandika upya ili iwafae Wamarekani. Aliyekuwa anacheza Dracula London, Raymond Huntley, hakukubali kuvuka bahari, ndipo nafasi ikamwangukia Mhungaria ambaye wengi walikuwa hawamjui. Ilifunguliwa Fulton Theatre tarehe 5 Oktoba 1927 na ikaonyeshwa mara 261, kisha wakaizungusha mpaka pwani ya magharibi. Sasa fikiria, usiku baada ya usiku, mara mia kadhaa, mtu yuleyule anatafuta ni hatua ngapi atembee kabla ya kugeuka, mkono uinuke saa ngapi, jicho likae wapi. Kwa hiyo kemera za Universal zilipowashwa 1930 hazikumkuta mtu anayejaribu, zilikuta kitu kilichokwisha kuiva. Wanaosema uigizaji wake kwenye ile filamu ni wa kijukwaa mno wanasema kweli, ila mimi siioni kama kasoro, kiumbe aliyeishi karne kadhaa kwanini atembee kama mtu wa benki?

Na Dracula wake ana tofauti gani na waliomtangulia?

Kwenye riwaya ni mzee mwenye masharubu na pumzi inayonuka. Kwenye Nosferatu ni kiumbe mwenye meno ya panya na kucha ndefu. Pwani yetu hadithi za kunyonya damu ni za mumiani, watu hai wanaosemekana kukamata wenzao gizani na kuwatoa damu ya kutengenezea dawa, hakuna anayewakaribisha sebuleni. Lugosi alileta mnyonya damu anayepiga hodi. Kavaa suti ya usiku, anainama kusalimia, ana adabu kuliko mwenye nyumba, na wewe ndo unamfungulia mlango. Hadi leo karibu kila mnyonya damu mtanashati kwenye filamu amechota hapo.

Universal walimtaka tangu mwanzo?

Hapana, alipigania. Walitaja majina mengine, na wengi waliamini nafasi ingekuwa ya Lon Chaney, aliyefariki Agosti 1930. Lugosi alikubali malipo madogo, dola 500 kwa wiki kwa wiki saba, jumla dola 3,500, kwa filamu iliyokuja kuiokoa kampuni kwenye mwaka mgumu wa kiuchumi. Dairekta alikuwa Tod Browning, mpiga picha Karl Freund aliyetokea Ujerumani. Ilianza kuonyeshwa Roxy Theatre, New York, 12 Februari 1931.

Mbona sioni meno marefu?

Kwasababu hayapo. Kwenye filamu ya 1931 hakuna hata sehemu moja anaonyesha meno ya kung'atia, damu yenyewe ni haba sana. Anatisha kwa macho, ambayo Freund aliyapiga mwanga mwembamba sehemu ya jicho tu, na kwa mikono. Meno ni kumbukumbu ya filamu za baadaye, watu wameyaingiza kichwani kwake.

Na mbona kimya hivyo, haina muziki?

Ni mwanzo wa filamu za sauti, muziki wa kusindikiza matukio ulikuwa bado haujazoeleka. Mwanzoni unasikia kipande cha Swan Lake cha Tchaikovsky halafu ndo basi, isipokuwa pale wanapokuwa kwenye ukumbi wa muziki. Ukiiangalia usiku taa zimezimwa ule ukimya unakuelemea.

Nimesikia kulikuwa na Dracula wa Kihispania?

Ndiyo. Siku hizo kabla hawajazoea kuingiza sauti za lugha nyingine walikuwa wanapiga filamu upya na waigizaji wengine. Mchana Lugosi na wenzake, usiku kikundi cha Kihispania kwenye seti zilezile, Carlos Villarías akiwa Dracula na Lupita Tovar akiwa mwanamke mkuu. Kemera ya ile ya Kihispania inatembea vizuri zaidi, nakubali. Lakini Villarías anaigiza Dracula, Lugosi ndiye.

Kwanini hakucheza Frankenstein wakati alikuwa ndo staa wao?

Alipangwa acheze lile zimwi, na majaribio yakafanyika chini ya Robert Florey. Hakuipenda, uso umefunikwa mekapu, hakuna neno hata moja, na yeye aliona amefanya kazi miaka yote hiyo ili sauti na uso wake viuzwe, sasa anaambiwa avifiche. Mradi ukabadilisha mikono, James Whale akaingia na kumchukua Boris Karloff ambaye alikuwa mwigizaji wa nafasi ndogo ndogo. Filamu ikatoka mwisho wa 1931 na Karloff akampita Lugosi kwa mshahara na kwa jina, na hakumrudishia tena nafasi hiyo. Kuna wanaosema alikataa, wengine wanasema alitolewa, ninachoona mimi ni kwamba hoja yake ya kisanii ilikuwa na mantiki na bado ilimgharimu.

Walichukiana na Karloff?

Hawakuwa marafiki wa kutembeleana, ila walicheza pamoja filamu 8 na kazini hakuna aliyemharibia mwenzake. Bora kuliko zote ni The Black Cat ya 1934 ya Edgar Ulmer. Imewekwa Hungaria, juu ya ngome iliyojaa maiti za vita, na Lugosi ni daktari wa Kihungaria aliyerudi baada ya miaka mingi ya kifungo Siberia kumtafuta aliyemsaliti na kumchukulia mke. Yaani amepewa nchi yake, vita yake na uchungu wake. Kwenye behewa la treni anamgusa nywele msichana aliyelala kwasababu anafanana na mke wake, na hapo haogopeshi mtu, ni mume aliyefiwa. Kama una rafiki anayesema Lugosi hakujua kuigiza mwonyeshe hicho kipande tu.

Kazi zilianza kupungua lini?

Mapema kuliko watu wanavyodhani. Alikubali chochote kilicholetwa, White Zombie ya 1932 kwa hela kidogo, na nyingine nyingi za haraka, kwa hiyo bei yake haikupanda. Halafu kuanzia 1936 filamu za kutisha zikakauka, uongozi Universal ukabadilika, na Uingereza ambako kulikuwa soko kubwa wakazibana na kuziwekea cheti maalum 1937. Lugosi akapoteza nyumba. Mwanawe Bela George alipozaliwa Januari 1938 mfuko wa msaada wa watu wa filamu ndo ulisaidia gharama za hospitali. Kilichomuokoa ni ukumbi mmoja wa Los Angeles, Regina, uliorudisha Dracula na Frankenstein kwa pamoja mwaka huohuo, foleni ikawa kubwa, na Universal wakagundua watu bado wanazitaka.

Uhusika wake bora ni Dracula?

Kwangu mimi hapana, ni Ygor kwenye Son of Frankenstein ya 1939. Mhunzi mchafu aliyenyongwa akapona na shingo iliyovunjika na kupinda, ndevu zimejaa, meno mabovu, sauti ya kukwaruza. Hakuna joho, hakuna utanashati, na hata lafudhi inasikika tofauti. Universal walitaka kumlipa kidogo na kumaliza sehemu zake ndani ya wiki moja, dairekta Rowland V. Lee akakataa hilo na akawa anamwongezea matukio kila siku mpaka Ygor akaimeza filamu. Hapo ndo unaona aliyekuwa anaweza kufanya akipewa nafasi. Mwaka huohuo yumo kidogo kwenye Ninotchka na Greta Garbo, kamishna wa Kisovieti, dakika chache, ametulia, safi kabisa.

Na lile zimwi alilolikataa, si alikuja kulicheza?

Ndiyo, 1943, Frankenstein Meets the Wolf Man, ana miaka 60. Kwenye hadithi zimwi lilikuwa limewekewa ubongo wa Ygor, linaongea, na ni kipofu, ndo maana linatembea limenyoosha mikono mbele. Baada ya kupiga picha wakakata maneno yake yote, na wakakata pia kila palipotajwa upofu. Watazamaji wakaona mzee anapapasa bila sababu na wakamlaumu yeye. Sehemu nyingine sio hata yeye, ni wale wanaocheza sehemu za hatari badala ya mwigizaji, waliovaa nguo zake. Naomba tu mtu akiiangalia ajue hilo kabla ya kumhukumu.

Alijihusisha tena na siasa?

Ndiyo na kwa moyo. Chama cha waigizaji wa filamu, Screen Actors Guild, kilipoanzishwa 1933 alijiunga mapema sana, kadi namba 28, wakati chama kama hicho ndicho kilimfukuzisha kwao. Wakati wa Vita vya Pili aliongoza baraza la Wahungaria wa Marekani waliopinga ufashisti, na Agosti 1944, Wayahudi wa Hungaria wakiwa wanapelekwa kuuawa, alisimama kwenye mkutano Los Angeles kuitaka serikali ya Marekani iwaokoe. Sijui kwanini hili halitajwi kwenye kila makala inayomhusu.

Alioa mara ngapi?

Tano. Ilona Szmik 1917, ndoa iliyovunjika alipokimbia. Ilona von Montagh, Mhungaria mwenzake New York. Beatrice Weeks 1929, iliyovunjika mwaka huohuo. Lillian Arch 1933, hii ndo ndefu, miaka ishirini, na ndo mama wa mtoto wake pekee. Mwisho Hope Lininger, 1955.

Ni kweli alikuwa mteja wa madawa?

Ni kweli, na ni vizuri lisemwe kwa heshima. Majeraha ya vita yalimletea maumivu makali ya mshipa wa mguuni kutoka kiunoni. Madaktari wakampa mofini, baadaye Demerol na methadoni, na mwili ukazoea. Methadoni hiyohiyo ndo ambayo Muhimbili walianza kuitoa 2011 kuwasaidia waathirika wa heroini, wakati yeye ilimshika mateka. Aprili 1955 alienda mwenyewe kuomba kulazwa hospitali ya serikali ya Norwalk, California, na akaruhusu ijulikane hadharani, jambo ambalo mastaa wa enzi zile hawakulifanya. Alitoka Agosti 5 mwaka huohuo. Hope alikuwa shabiki aliyemwandikia barua akiwa wodini, na mwezi haukuisha wakaoana.

Ed Wood alimnyonya au alimsaidia?

Wanabishana sana na mimi nimeshabadilisha mawazo. Wood hakuwa na hela wala kipaji kikubwa cha udairekta, lakini ndiye aliyemwita mzee kazini wakati simu haikuwa inalia. Glen or Glenda 1953, Bride of the Monster 1955, na Plan 9 from Outer Space ambayo ina vipande vichache vya Lugosi vilivyopigwa kabla hajafa, sehemu zilizobaki ni mtu mwingine aliyejifunika uso kwa joho. Kwenye Bride of the Monster kuna hotuba moja, mwanasayansi aliyefukuzwa kwao anasema hana nyumba, kawindwa kama mnyama. Seti ni ya maboksi, lakini mzee wa miaka 70 na ushee aliyetoroka Budapest anayatamka yale maneno na hapo maboksi huyaoni tena.

Alizikwa na joho la Dracula kwa wosia wake?

Amezikwa nalo kweli, makaburi ya Holy Cross, Culver City. Wosia ndo uongo. Ni Lillian na mwanawe walioamua, wakiamini angependa.

Ile kesi dhidi ya Universal iliishaje?

Universal walikuwa wanauza haki za sura yake kwenye vinyago, fulana, michezo, na familia haipati kitu. Hope na Bela George, yule mtoto wa Lugosi, ambaye alikuja kuwa mwanasheria, wakashtaki. Mahakama ya kwanza ikawapa ushindi, lakini 1979 mahakama ya juu kabisa ya California ikasema haki ya kutumia sura yako kibiashara inakufa na wewe, warithi hawairithi kama hukuitumia ukiwa hai. Wakashindwa. Ila kelele za kesi ile zilichangia California kutunga sheria iliyoanza 1985 inayowalinda warithi wa mastaa waliofariki. Kwa hiyo familia nyingi za mastaa zinazolipwa leo zinanufaika na njia aliyoichonga mwanawe.

Ile filamu ya 1994 inamuonyesha kweli?

Ed Wood ya Tim Burton ni filamu nzuri na Martin Landau alipata Oscar akiwa Lugosi. Uchungu kaupata. Matusi ni ya kutungwa, mwanawe amesema baba yake hakuwa mtu wa kutukana, na mtoto na Hope hawaonekani kabisa humo, kana kwamba mzee alikufa hana mtu.

Kuna Wahungaria wengine wa kariba yake Hollywood?

Wengi. Michael Curtiz, aliyemuongoza Lugosi kwenye filamu Budapest akiitwa Kertész Mihály, ndo aliyekuja kutengeneza Casablanca. Peter Lorre naye alizaliwa Ufalme wa Hungaria. Paul Lukas alishinda Oscar ya mwigizaji bora kwa Watch on the Rhine. Kila mmoja anastahili ukurasa wake.

Hungaria kwenyewe wanamkumbuka?

Kuna sanamu yake ya kichwa na mabega Budapest, kwenye kona ya ngome ya Vajdahunyad ndani ya bustani ya Városliget. Mchongaji Mjerumani, Hartmut Zech, aliiweka pale bila kibali, na wakaiacha.

Nianze na filamu ipi?

Usianze na Dracula. Anza na The Black Cat, ni saa moja na dakika chache tu, umsikie akiwa binadamu. Ifuate Son of Frankenstein. Alafu ndo urudi 1931, zima taa, weka simu mbali, subiri ile sehemu anashuka ngazi na mshumaa na kutaja jina lake. Tayari utakuwa unajua anayeshuka ni nani.